Kalengera: Barabara Ikipita, Nani Anahesabiwa?

Anayetoka Goma kwenda Rutshuru kwa barabara ya taifa namba 2 hupita Kibumba, Rugari na Rumangabo, kisha hufika Kalengera, pale njia ya Tongo inapochepuka. Nyumba zimejipanga kuelekea barabarani, nyuma yake migomba, na nyuma ya migomba mashamba ya maharagi, mahindi na mihogo. Katika nchi kama hii barabara ndiyo soko, ndiyo njia ya mgonjwa kufika hospitali, ndiyo inayoamua kama ndizi za leo zitauzwa Goma au zitaozea shambani. Ndiyo maana habari ilipokelewa vizuri tarehe 16 Juni 2021, Marais Félix Tshisekedi na Yoweri Museveni walipozindua mpakani Kasindi mradi wa kujenga kilomita 223 za barabara mashariki mwa Kongo, zikiwemo kilomita 89 za Bunagana, Rutshuru hadi Goma. Mwaka haukutimia. Tarehe 13 Juni 2022 waasi wa M23 waliteka Bunagana, na kazi ya upande huo ikasimama. Lakini barabara yenye faida kwa nchi mbili haisahauliki. Siku matingatinga yatakaporudi, swali litakalowafikia watu wa Kalengera kabla ya lami ni hili: ukuta unaovunjwa na shamba linalokatwa ni vya nani, na mwenyewe analipwa nini?

Tupige hesabu ndogo. Katika kilomita 89, kila mita 10 za upana zinazoongezwa ni hekta 89 za ardhi. Sehemu ya hizo ni mawe ya volkano na mipaka ya Hifadhi ya Virunga, na nyingine ni vibanda vya biashara, makaburi ya wazee, mistari ya kahawa na mashamba ambayo ukoo mmoja umeyalima vizazi vitatu. Mjadala wa fidia kwetu Kongo huwa unaanzia kwenye bei: mita moja ni dola ngapi, mgomba mmoja ni faranga ngapi. Naona tunaanzia mwisho. Mthamini hawezi kumkadiria mtu ambaye jina lake halimo katika orodha aliyopewa, na katika vijiji vya Rutshuru watu wengi hawamo katika orodha yoyote ya ardhi. Dhuluma kubwa ya fidia hufanyika kabla pesa haijatajwa, siku afisa anapofungua daftari na kuuliza, “Nani ana sertifika hapa?” Wakibaki wawili watatu walionyosha mkono, wengine wote wamekwisha kuwa wavamizi wa mashamba yao wenyewe. Hoja yangu ni kwamba sheria ya Kongo haimruhusu afisa yule kuuliza swali hilo peke yake, na kwamba haki ya fidia itasimama au itaanguka kwa namna tunavyoandika orodha.

Ili tuone jinsi mkulima alivyofutwa katika daftari inabidi turudi mbali kidogo. Tarehe 1 Julai 1885 Dola Huru ya Kongo ya Mfalme Leopold II ilitoa amri kwamba ardhi iliyo wazi ni mali ya dola. Neno “wazi” lilibeba mzigo mzito. Shamba lililopumzishwa, msitu wa kuni na uwindaji, malisho ya mifugo, vyote vilionekana wazi machoni pa mtu aliyezoea kutambua umiliki kwa ua na karatasi. Huku Kivu matokeo yake yalionekana baada ya miaka arobaini: Hifadhi ya Albert, ambayo leo tunaiita Virunga, iliundwa tarehe 21 Aprili 1925 na kupanuliwa mara kadhaa hadi miaka ya 1930, na mwaka 1928 Kamati ya Taifa ya Kivu iliundwa na kukabidhiwa eneo kubwa la kugawia masetla na makampuni. Uhuru haukuigeuza hesabu hiyo, uliihamisha tu mikononi mwa mwingine. Sheria ya Bakajika ya tarehe 7 Juni 1966 iliirudishia Serikali ardhi iliyokuwa imegawiwa na wakoloni, na sheria namba 73-021 ya tarehe 20 Julai 1973 ikafunga mlango: kifungu cha 53 kinasema ardhi ni mali ya Serikali peke yake, mali isiyouzika wala kupotea kwa kupitwa na wakati, na kifungu cha 219 kinasema haki ya kutumia kiwanja huthibitishwa kisheria kwa cheti cha uandikishaji tu, yaani hiyo sertifika. Je, wale wanaolima kwa mila? Vifungu vya 387 hadi 389 vinasema ardhi wanazokaa, wanazolima au kuzitumia jamii za wenyeji zimekuwa za Serikali, na kwamba haki zao za kuzitumia zitapangwa kwa amri ya Rais. Nusu karne ilipita bila amri hiyo kutolewa.

Pengo hilo ndilo linalotumiwa kama rungu. Afisa akisema “ardhi ni ya Serikali”, mkulima hunyamaza, kwa kuwa maneno hayo kweli yamo katika sheria. Lakini sheria si kifungu kimoja. Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, katika kifungu cha 34, inaikinga mali ya mtu binafsi na ya pamoja iliyopatikana kwa sheria au kwa mila, na inasema mtu haondolewi katika mali yake ila kwa manufaa ya umma na kwa fidia ya haki inayolipwa kwanza. Neno “mila” limo humo kwa makusudi. Na hata kabla ya Katiba hiyo, sheria namba 77-001 ya tarehe 22 Februari 1977, ile inayopanga utaratibu wa Serikali kutwaa mali kwa manufaa ya umma, ilitaja katika kifungu chake cha kwanza mambo yanayoweza kutwaliwa, na miongoni mwake ikaweka haki za jamii za wenyeji za kutumia ardhi ya Serikali. Hapa ndipo napaona kiini cha jambo lote. Kitu kinachotwaliwa kwa utaratibu wa sheria hii kinalipiwa fidia. Kama haki ya mkulima wa mila ingekuwa si kitu, mtunga sheria asingehitaji utaratibu wa kuitwaa. Sheria hiyo ilikwenda mbali zaidi: pale haki za pamoja za wenyeji zinapoguswa, haikutosheka na Gazeti Rasmi na barua, ilitaka taarifa ifikishwe pia kwa mdomo kwa wawakilishi wa jamii husika na iandikiwe kumbukumbu. Aliyeandika hivyo alijua kwamba anazungumza na watu wasio na anwani ya posta wala hati, na alitaka wahesabiwe. Kwa hiyo ni kweli udongo ni wa Serikali, na ni kweli pia kwamba matumizi ya udongo huo ni mali ya aliye juu yake. Mwenye sertifika naye hamiliki udongo, ana haki ya kuutumia tu, na hakuna anayethubutu kumwambia kuwa kwa sababu hiyo halipwi.

Majirani zetu walikutana na tatizo hili hili na kulijibu waziwazi. Tanzania nako ardhi yote ni ya umma, chini ya Rais kama mdhamini, lakini Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 inasema haki ya kimila ya kumiliki ina hadhi sawa na haki iliyotolewa kwa hati. Ndiyo maana mkulima wa kijijini kule, hata kama hana karatasi ya rangi, anaingia katika orodha ya mthamini, na kanuni za 2001 zinamtajia anachopaswa kulipwa: thamani ya ardhi kwa bei ya soko, maendelezo yaliyo juu yake, posho ya usumbufu, posho ya usafiri, posho ya makazi, faida iliyopotea, na riba malipo yakichelewa. Utekelezaji una malalamiko yake, na mabishano ya fidia hujaza mahakama za Tanzania kama kwingine, lakini mlalamikaji anakwenda mahakamani akiwa tayari mtu mbele ya sheria. Kenya, katika Katiba ya 2010, iliongeza jambo ambalo sisi tungefaa kuliazima: kifungu cha 40 kinafungua mlango wa kuwalipa hata wakaaji wa nia njema ambao hawana hati. Benki ya Dunia nayo, katika masharti yake ya mazingira na jamii yanayotumika tangu 2018, inadai kwamba asiye na haki ya kisheria juu ya ardhi alipwe angalau nyumba na mali aliyoijenga juu yake na asaidiwe kuanza upya. Basi mtu mmoja mwenye kibanda kimoja anaweza kulipwa au kutolipwa kutegemea nani anafadhili barabara. Hilo ni jambo la aibu, na dawa yake ni kuitekeleza sheria ya 1977 kama ilivyoandikwa, mfadhili awe nani.

Jina likishaingia katika orodha, ndipo bei inakuwa na maana. Na hapa pia Kalengera ina ugumu wake. Desturi ya wathamini ni kuuliza bei ya soko, yaani shamba kama hili liliuzwa kiasi gani hivi karibuni. Katika eneo ambalo vita vimekuwa vikienda na kurudi kwa miaka thelathini, bei hiyo inadanganya. Familia inayokimbia huuza shamba kwa bei ya nauli, na anayenunua anajua hivyo. Ukichukua mauzo ya namna hiyo na kuyafanya kipimo, unamlipa mkulima kwa bei ya hofu. Kipimo cha haki ni kuuliza swali la kawaida kabisa: kwa pesa hizi, mtu huyu anaweza kupata shamba lenye rutuba hiyo hiyo, umbali ule ule kutoka barabarani na kutoka kisimani, na kuanza kulima msimu ujao? Tuchukue mazao. Maharagi huvunwa ndani ya miezi mitatu, kwa hiyo anayepewa notisi mapema anaweza kuvuna na kuondoka bila hasara ya zao. Kahawa ni habari nyingine. Mche huhitaji takriban miaka mitatu au minne kabla ya kuanza kuzaa vizuri, na ukishaanza huzaa kwa miaka mingi. Anayelipwa mavuno ya mwaka mmoja kwa mti wa kahawa amelipwa tunda na kunyang'anywa mti. Hesabu sahihi inaweka gharama ya kupanda upya, kutunza, na mavuno yote atakayoyakosa hadi mti mpya ufikie pale wa zamani ulipokuwa. Mgomba, ambao huchukua mwaka au zaidi kidogo kuleta mkungu wa kwanza, unastahili hesabu hiyo hiyo kwa muda mfupi zaidi, na mkaratusi uliopandwa kwa mbao unadai subira ya miaka mingi. Halafu kuna kile kisichoota wala kujengwa: nafasi ya kukaa mbele ya barabara. Mama anayeuza unga na mafuta ya mawese mbele ya nyumba yake akisogezwa mita mia mbili ndani, nyumba atakayopewa inaweza kuwa nzuri kuliko ya kwanza na biashara ikafa. Hasara hiyo ni ya kweli, inahesabika, na isipohesabiwa fidia haijakamilika.

Lakini fedha taslimu ina ukomo wake, na katika Rutshuru ukomo huo uko karibu sana. Upande mmoja wa watu ipo Hifadhi ya Virunga, yenye karibu kilomita za mraba 7,800, iliyomo katika orodha ya urithi wa dunia tangu 1979. Huko hairuhusiwi kulima. Upande mwingine yapo mashamba makubwa ya konsesho yaliyoanzia zama za Kamati ya Kivu, ambayo yamepita mikono mingi, hasa baada ya utaifishaji wa mwaka 1973. Katikati ndipo watu wanapobanana. Ukimpa mkulima pesa za hekta moja, hekta ya kununua haipo, na baada ya miezi michache pesa imekwisha kuwa chakula, ada ya shule na mabati. Kwa hiyo kwa mwenye kupoteza sehemu kubwa ya shamba lake, fidia ya kwanza inayofaa kutolewa ni ardhi kwa ardhi. Watasema ardhi haipo. Ipo. Sheria ya 1973 inaifunga haki ya mwenye konsesho na wajibu wa kuiendeleza, na inampa mwenye mamlaka njia ya kuirudisha ile iliyoachwa pori. Serikali inayoweza kumwondoa mkulima katika nusu hekta yake kwa ajili ya barabara haiwezi kudai imeshindwa kumgusa mwenye hekta mia tatu zisizolimwa. Hili litagusa watu wenye nguvu, na bila shaka ndiyo sababu halisemwi sana katika semina za fidia.

Tukifika hapo tunakutana na swali la nani hasa apokee. Kwa mila, ardhi ya kijiji ina ngazi: yupo Mwami wa sheferi ya Bwisha, yupo shefu wa grupema, yaani kundi la vijiji, yupo mkuu wa ukoo, na yupo anayeshika jembe. Njia rahisi kwa mradi ni kumaliza mambo na wa juu, kupiga picha, na kuondoka. Njia hiyo imezaa ugomvi mwingi. Bunge la Jimbo la Kivu ya Kaskazini lilikwisha kuona hatari hiyo, na kwa amri yake ya tarehe 28 Juni 2012 lilipanga uhusiano kati ya machifu wa mila, wakuu wa ardhi na wakulima katika matumizi ya ardhi za mila. Yaani lilikubali kwamba mkulima ni mshirika mwenye haki zake, si kivuli cha chifu. Fidia ifuate mgawanyo huo huo. Chifu ana heshima na ushuru wake wa mila, na panapostahili apewe. Lakini mazao ni ya aliyepanda na nyumba ni ya aliyejenga. Chini zaidi yupo yule anayekodi shamba kwa msimu, au anayelima ndani ya konsesho kwa salongo, akitoa siku za kazi kwa mwenye konsesho badala ya kodi. Huyu hana haki ya kudumu juu ya udongo, ila barabara ikipita anapoteza chakula cha watoto wake sawa na jirani. Alipwe mazao yake na misimu atakayohitaji ili apate pengine. Na ndani ya nyumba moja kuna orodha nyingine isiyoandikwa. Sehemu kubwa ya maharagi ya Kivu hupandwa, hupaliliwa na kuvunwa na wanawake, lakini jina linaloandikwa ni la baba. Mageuzi ya Kanuni ya Familia ya mwaka 2016 yaliondoa sharti la zamani la mke kuomba ruhusa ya mumewe katika mambo ya sheria. Hakuna basi kinachomzuia afisa kuandika majina mawili kwenye fomu moja, na kudai saini mbili kabla pesa haijatoka. Kwa mjane, ambaye ndugu za marehemu wako tayari kumtetea hadi siku ya malipo tu, jina lake mwenyewe katika orodha ndiyo kinga pekee.

Jambo la wakati halihitaji ubishi mrefu kwa kuwa sheria imelimaliza. Kwa sheria ya 1977, fidia ilipwe kabla mali haijaandikishwa kwa mwenye mpya, na isizidi miezi minne tangu hukumu inayoikadiria; muda ukipita, aliyetwaliwa anaweza kuomba utwaaji ufutwe, na hadi alipwe anaendelea kuitumia mali yake. Tuna sababu yetu wenyewe ya kushikilia sharti hilo. Oktoba 1993 fedha yetu ya wakati ule ilibadilishwa: zaire mpya moja ilitolewa kubadilishwa kwa zaire za zamani milioni tatu. Mtu aliyekuwa akisubiri fidia iliyokadiriwa miaka michache kabla alikuwa anasubiri karatasi. Ndiyo maana, kwa maoni yangu, makadirio yaandikwe pamoja na thamani yake katika fedha ambayo watu wenyewe wanapangia bei ya ardhi, ambayo kwa Goma na vijiji vyake ni dola. Tukumbuke na mabwawa ya umeme ya Inga. Inga ya kwanza ilianza kutoa umeme mwaka 1972, ya pili mwaka 1982, na wazao wa koo zilizoondolewa pale bado wanadai haki zao. Ahadi ya “mtalipwa baadaye” imekwisha kuonyesha umri wake katika nchi hii. Uganda, mshirika wetu katika barabara ya Bunagana, ilipata somo lake mahakamani. Mamlaka yake ya barabara ilishtakiwa kuhusu ardhi iliyoguswa na barabara ya Hoima, Kaiso hadi Tonya, na mwaka 2015 Mahakama ya Juu iliamua kwamba kifungu kilichoruhusu Serikali kuingia katika ardhi kabla ya kulipa kilipingana na Katiba. Serikali ilipeleka bungeni mwaka 2017 pendekezo la kubadili Katiba ili iweze kuingia kwanza na kuweka pesa mahakamani mabishano yakiendelea. Upinzani ulikuwa mkubwa na pendekezo halikupita. Itakuwa ajabu kama kilomita za barabara moja zitajengwa kwa kulipa kwanza upande wa Kisoro na kwa kuvunja kwanza upande wa Rutshuru.

Wapo wanaosema kwa nia njema kwamba nchi maskini haiwezi kulipa kila mtu kwa kipimo hiki, na kwamba tukidai sana barabara haitajengwa. Hoja hii inadhani kwamba fidia isipolipwa gharama hutoweka. Haitoweki. Inahamia kwa familia iliyopoteza shamba, ambayo ndiyo maskini kuliko wote waliomo katika mradi. Barabara ikiwa na manufaa ya kweli kwa Goma, Rutshuru na Kampala, manufaa hayo yanatosha kumlipa anayeipisha. Yakiwa hayatoshi, basi mradi wenyewe una kasoro katika hesabu zake. Wengine husema barabara hupandisha thamani ya ardhi, kwa hiyo wakazi wamekwisha kufidiwa na lami. Ni kweli kwa aliyebakiwa na ardhi. Aliyepoteza yote ndiye asiyekuwa na kitu cha kupanda thamani, na wa mstari wa pili, ambaye ghafla anajikuta mbele ya barabara mpya, anavuna bila kutoa chochote. Hoja iliyo nzito zaidi ni ya walaghai: ikitangazwa fidia, watu kutoka mjini watakuja usiku kupanda migomba na kusimamisha vibanda vya mbao ili walipwe. Hutokea, tena mara nyingi wa kwanza kufika ni wale wenye habari kutoka ofisini. Dawa yake inajulikana: kutangaza hadharani siku ya mwisho ya kuhesabu, kupiga picha kila nyumba na kila shamba siku hizo hizo, kubandika orodha mahali pa wazi kwa wiki kadhaa ili majirani waikosoe. Mgeni anaweza kumdanganya mthamini kutoka Kinshasa. Hawezi kuwadanganya watu waliolima mpaka mmoja na mwenye shamba kwa miaka ishirini.

Linabaki la vita, ambalo wengi wataliona linafanya yote haya kuwa ndoto. Tangu mapigano yaliporudi mwishoni mwa 2021 watu wa vijiji vya barabara hii wamekimbia, wengine wamerudi, wengine wametawanyika zaidi, hasa baada ya Goma kutekwa Januari 2025 na kambi za wakimbizi za Kanyaruchinya na Bulengo kuvunjwa. Shamba la aliyekimbia linalimwa na mwingine. Orodha ikiandikwa leo kwa kuhesabu waliopo tu, itageuza ukimbizi kuwa kupoteza haki. Lakini kungoja amani kamili nako kuna hasara yake: wazee wanaojua mipaka wanafariki, na wapo ambao wamekwisha kutengeneza karatasi juu ya mashamba ya wasiokuwepo. Waswahili walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Daftari la Kalengera linaweza kuanza bila Serikali kujenga hata mita moja ya barabara. Kila shamba lichorwe kwa mkono, liwe na majina ya majirani wa pande nne, jina la mume na la mke, jina la mwenye kukodi na muda wake, na safu ya peke yake kwa ajili ya asiyekuwepo, pamoja na jina la ndugu anayejua alipo. Nakala moja ibaki kijijini, moja ofisi ya sheferi, moja kwa parokia au taasisi nyingine ambayo pande zote zinaiamini. Karatasi hiyo haitakuwa sertifika na haitampa mtu haki mpya. Itakuwa ushahidi wa haki ambayo sheria ya 1977 inaitambua tayari, na siku mthamini atakapofika na kuuliza nani ana nini, waliopo na wasiokuwepo watakuwa na jibu lililoandikwa kabla bei ya mita haijamtia mtu yeyote tamaa.